Kapu la milulu la Iringa: geuza uone kitako kabla hujalipa

Habari zenu jamani, karibuni. Leo nina kapu la milulu, aina ya nyasi ya majimajini, kutoka Iringa, hili hapa, na naanza kwa kuligeuza chini juu. Wengi tunalinunua kwa sababu ya rangi, wakati kazi yenyewe iko kwenye kitako.

Sogeeni muone. Akina mama wa Kihehe wanaanzia hapa katikati: milulu inapishana, inatawanyika kama miale ya jua, halafu inakunjwa kupanda juu na kuwa mbavu za kapu. Kila ubavu unapitiwa na milulu miwili myembamba inayosokotana, mmoja mbele, mwingine nyuma. Sindano hakuna, gundi hakuna, ni vidole. Sasa hapa linapoanza kutanuka, msukaji amechomeka mlulu mpya katikati ya mbavu mbili. Napitisha ukucha kutafuta ulipoanzia, siupati. Mkiona hivyo, jueni mmekutana na mikono inayojua.

Kabla ya kuwa pambo la sebuleni, makapu haya yalibebewa mahindi, yaliwekewa unga, hata pombe ilichujwa humo. Kwa hiyo na mimi nimelipeleka sokoni. Viazi, nyanya juu yake, mchicha. Halikutepeta wala kulala upande. Tangu mifuko ya plastiki ipigwe marufuku Juni 1, 2019, tumehangaika sana na mifuko mbadala inayoachia njiani, na kumbe jibu lilikuwepo Iringa siku zote.

Kasoro ninayo moja, na si ya msukaji. Mikono hii ya ngozi imeshonwa baadaye na fundi mwingine, na uzi wake umeanza kuachia upande huu. Ukitaka la kubebea mizigo, chukua lenye mikono iliyosukwa kwa milulu yenyewe. La ngozi ni zuri kwa kwendea ofisini, ila vuta mikono kwa nguvu ukiwa bado dukani. Muuzaji akinuna, mwache anune.

Kuhusu bei, naomba tusikilizane. Milulu inaota majimajini, mabondeni. Mama anaingia kwenye tope kuikata, anaibeba, anaianika ikauke, ndipo akae asuke, katikati ya shamba na jiko. Ukimkalia kooni akupunguzie, binti yake anaona, naye hatakaa chini ajifunze. Ukifika Iringa mjini pita sokoni, au tafuta vikundi vya akina mama wasukaji, ulipe bei waliyoitaja.

Kulitunza ni rahisi: kitambaa chenye unyevu, kisha kivulini penye upepo. Usilifungie kabatini likiwa bichi, litaota ukungu. Likibonyea, lirashie maji kidogo, linyooshe kwa mkono, lijaze magazeti likauke hivyo.

Wenye makapu ya bibi zenu nyumbani, yapigeni picha ya kitako mnitumie, nataka kuona yalivyoanzwa.