Lava Kusa (1963): huyu Rama kaniudhi

Jamani, hii filamu ya Kihindi ya kisa cha Rama, mfalme wa Ayodhya ambaye Wahindu wanamuabudu, nimeimaliza juzijuzi na hasira bado ninazo. N. T. Rama Rao (NTR), aliyeigiza Rama, sina tatizo nae, taji limemkaa, kutembea kifalme anajua, si ajabu wahindi wengine walikuwa wanamuona kama Rama mwenyewe. Ila huyo Rama sasa!

Yani dobi mmoja huko mtaani Ayodhya kagombana na mkewe, anafoka kwamba yeye sio Rama wa kurudisha mwanamke aliyekaa kwa mwanaume mwingine (mke wa Rama, Sita, aliwahi kutekwa na jitu Ravana). Basi, maneno ya dobi! Tena kaigiza Relangi, mchekeshaji, unacheka weee, kicheko hakijaisha unaona malkia ndo anafukuzwa. Na mimba juu.

Mambo ya wajibu wa mfalme naelewa, raia wakianza kunong'ona kiti kinayumba, haya. Kilichonichoma ni kwamba HAMWAMBII. Anamtuma mdogo wake Lakshmana ampeleke porini, na Sita wa watu (Anjali Devi, yule mama anaigiza kwa macho tu) anaondoka na furaha zake akijua anaenda kutembea kwa watawa, mpaka wamefika huko ndo shemeji mtu anaanza kulia. We umemuua Ravana mwenye vichwa 10 kwa ajili ya huyu mwanamke, leo kumwambia usoni umeshindwa? Hapo nilishampa nyota moja kichwani, nikataka kuzima.

Afu wakaja wale mapacha wa Sita, Lava na Kusa. Aisee. Wanaimba kisa cha Rama bila kujua ni baba yao, sauti za P. Leela na P. Susheela, muziki wa Ghantasala, Kitelugu sijui hata neno ila nimerudia zile nyimbo mpaka bando likakata. Na kumbe Rama hakuoa tena, wakati wa kafara ya farasi kaweka sanamu ya dhahabu ya Sita pembeni yake, nikaanza kumuonea huruma, afu nikakasirika upya, maana sanamu anaweza kukaa nayo ila mwenyewe yuko porini analea watoto peke yake!

Mwisho Sita hambembelezi mtu, anaita ardhi imchukue, inapasuka, anaondoka zake. Safi kabisa mama.

Haya nyota 4. Hiyo moja nimemkata Rama, sio NTR.