Uzoefu wangu na kalamu ya sheria zinazojibadilisha: inafaa sana, ila ifungeni mapema

Kama kikundi chenu kina katiba iliyoandikwa mlipoanza na haijaguswa tena, kalamu hii itawafaa. Mimi ni katibu wa kikundi cha kuweka na kukopa hapa Mwanza, na wanachama wengi ni akina mama wanaouza dagaa soko la Mwaloni, Kirumba. Nimeinakili katiba yetu yote kwa kalamu hii na tumeitumia mzunguko mzima, kuanzia hisa ya kwanza mpaka siku ya mgawo, tunapogawana tulichoweka.

Unaandika ibara kwenye karatasi ya kawaida ya daftari. Wino ukishakauka, ibara inaanza kuishi: hali ikibadilika, maneno nayo yanabadilika usiku, kwa mwandiko wako mwenyewe. Wino haupakazi, na kichupa kimoja kinamaliza katiba nzima na kubaki. Hapo sina malalamiko.

Ilipotusaidia hasa ni kwenye marejesho. Dagaa huvuliwa kwa taa usiku wa giza. Mwezi ukiwa mpevu taa hazivuti kitu, mitumbwi inalala, na muuza dagaa hana cha kupeleka sokoni. Katiba ya zamani ilidai rejesho kila tarehe 15, kuwe na giza au mbalamwezi, kwa hiyo kuna miezi tulikuwa tunawatoza faini watu ambao ziwa lenyewe limewanyima. Asubuhi moja nikakuta ibara inasomeka: “Rejesho litalipwa wiki moja baada ya giza kuanza.” Hakuna aliyeipendekeza. Nilipoisoma kikaoni, akina mama walipiga vigelegele.

Na sheria kujirekebisha si jambo la ajabu kiasi hicho. Uganda, sheria nyingi hutaja faini kwa pointi za sarafu badala ya shilingi. Pointi moja ni shilingi 20,000, na thamani yake ikibadilishwa, vifungu vya faini havihitaji kuandikwa upya. Tofauti ni kwamba pale kuna mtu anayeamua na watu wanatangaziwa. Kalamu hii haibishi hodi.

Hilo lilituumiza. Katikati ya mzunguko riba ilipanda kutoka asilimia 5 kwa mwezi hadi 10, kwa sababu sanduku lilikuwa karibu tupu na waombaji walikuwa wengi. Kwa hesabu, kalamu ilikuwa sahihi. Lakini mama mmoja alikuwa ameshakopa mara tatu ya hisa zake, kiwango cha juu tunachoruhusu, na mweka hazina akamwambia alipe kwa riba mpya. Akaja na kitabu chake mkononi: “Katibu, mimi nilikopa kwa tano.” Nilisimama upande wake na nitasimama tena. Katiba ya Tanzania, ibara ya 13(6)(c), inakataza mtu kuadhibiwa kwa kitendo ambacho alipokitenda hakikuwa kosa, na inakataza pia adhabu kubwa kuliko iliyokuwapo wakati huo. Inahusu makosa, haihusu mikopo, lakini haki ni ile ile. Kikao kilikubali alipe kwa tano.

Tena vikundi kama vyetu huwakaririsha wanachama kanuni, maana si wote wanaosoma, na anayesahau hulipa faini. Utamtozaje mtu aliyekariri vizuri ibara ya jana?

Dawa tuliipata. Malizia kila ibara kwa maneno haya: “na badiliko lolote litaanza kikao kijacho, baada ya kusomwa kwa sauti.” Kalamu inayatii. Maneno mapya yanatokea, lakini yanabaki na rangi hafifu mpaka yasomwe.

Jambo la pili ni kufunga yale yasiyopaswa kuguswa. Wakenya walilifikiria hili katika katiba yao ya 2010: ibara ya 255 inataja mambo yasiyobadilishwa bila kura ya maoni, na mwisho wa orodha imeiingiza sura yenyewe ya marekebisho. Bila hivyo mtu angebadilisha kwanza masharti ya kubadilisha, kisha akafanya atakalo. Nasi tukaandika kwamba makufuli matatu ya sanduku la fedha, kila moja na mtunza ufunguo wake, haki ya kila mwanachama kuona hesabu, na ibara hiyo hiyo inayosema haya, havibadiliki bila mikono ya theluthi mbili ya wanachama wote. Baadaye mtunza ufunguo mmoja alisafiri na sanduku likashindwa kufunguka. Nilihofia kalamu ingepunguza makufuli yawe mawili. Haikugusa neno. Tulisubiri arudi.

Kuhusu nidhamu, msiitumie kabisa. Inafuata mazoea: wachache wakichelewa mfululizo, saa ya kikao inasogea kuwafuata wao, na waliowahi ndio wanaokaa kusubiri. Faini za uchelewaji na kelele ziandikeni kwa peni ya dukani.

Ombi langu kwa watengenezaji ni moja. Maneno ya zamani yanafutika bila kuacha alama wala tarehe, kwa hiyo inanilazimu kunakili kila ibara kwenye daftari la kumbukumbu na mwenyekiti asaini. Mgogoro ukitokea, daftari hilo ndilo ushahidi pekee tulio nao. Nyota nne kati ya tano. Ya tano nitaiongeza wakileta wino unaoyaacha maneno ya zamani yakisomeka chini ya mapya.