Bridge to Terabithia: sura ya 10 hadi ya 12 zisomeni kwa mkao mmoja

Kosa langu lilikuwa kufunga kitabu mwishoni mwa sura ya 10. Tulishazoea sura moja kila usiku: mimi nasoma Kiingereza kimoyomoyo, kisha nawasimulia kwa Kiswahili. Mwanangu wa miaka 11 hulala chali akitazama dari, na binti wa kaka yangu, miaka 9, huegemea bega langu ili ayaone maneno. Kitabu chenyewe sikuwa nimekimaliza kabla ya kuwasomea. Niliambiwa tu kwamba ni hadithi nzuri ya urafiki, nikaridhika na hilo.

Katika sura hiyo mvulana anayeitwa Jess anachukuliwa na mwalimu wake wa muziki hadi Washington kuangalia michoro kwenye jumba la sanaa. Hajawahi kuona siku nzuri kama hiyo. Anarudi nyumbani moyo umefurika, anakuta ukoo mzima umekaa kimya, na kabla hajauliza kuna nini, dada yake mkubwa, Brenda, anamtupia habari: rafiki yako amekufa, na mama alidhani na wewe umekufa. Sura imekwisha. Nikameza mate, nikasema, "Haya, tutaendelea kesho," nikazima taa.

Mwanangu aliinuka gizani akatoka chumbani bila kusema neno. Yule mdogo alibaki. Baada ya muda nikasikia, "Shangazi, washa taa. Nataka kuona ile kamba."

Kwa ambaye hajakisoma: Katherine Paterson alikitoa mwaka 1977, na mwaka uliofuata kikapata Newbery, ile nishani kubwa ya vitabu vya watoto Marekani. Ni kitabu chembamba, sura 13. Jess Aarons anaishi shambani Virginia, mvulana pekee kati ya dada wanne, na kila alfajiri anakimbia kwenye malisho ya ng'ombe ili awe mwenye mbio kuliko wote darasani. Shule inafunguliwa, anatokea Leslie Burke, msichana mgeni aliyehamia nyumba ya jirani, anawapita wavulana wote. Mwandishi mwingine angewafanya maadui kwa nusu ya kitabu. Hawa wanakuwa marafiki. Ng'ambo ya kijito kikavu kuna msitu mdogo, na juu ya kijito inaning'inia kamba ambayo mtu fulani aliifunga zamani kwenye tawi la mti. Wanajirusha kwa kamba hiyo, na huko ng'ambo wanajenga ufalme wao wa kujibunia, Terabithia, wao ndio mfalme na malkia. Kisha mvua zinaanza, zinanyesha siku nyingi, kijito kinajaa. Jess akiwa Washington, Leslie anakwenda peke yake. Kamba inakatika.

Nikawasha taa. Binti wa kaka yangu akachukua kitabu mikononi mwangu, akaanza kurudi nyuma ukurasa kwa ukurasa, kidole kikitambaa juu ya mistari, akitafuta neno moja tu analolijua kwa Kiingereza, *rope*. Kila alipolikuta aliniuliza limesema nini. Alitaka kujua kama tuliambiwa kwamba kamba ni mbovu. Hatukuambiwa waziwazi. Tulichokuta ni kwamba Jess mwenyewe aliogopa kuvuka maji yalipopanda, na aliona aibu kumwambia Leslie. Mtoto akakaa kimya juu ya sentensi hiyo muda mrefu. Kisha akasema, "Angesema tu." Ndivyo alivyolala, na kitabu kimefunguka kifuani.

Nimewasikia watu wazima wengi wakikilalamikia kitabu hiki kwa jambo hilohilo: kifo kinaingia bila hodi. Hakuna ugonjwa, hakuna kitanda cha hospitali, hakuna kuagana, hata maiti hatuioni, kwa sababu Leslie anachomwa na majivu yake yanachukuliwa. Wanaona mwandishi amewasaliti, amewapa watoto wao mtu wa kumpenda kisha akamnyang'anya nyuma ya migongo yao. Nilivyofunga kitabu usiku ule nilikuwa upande wao. Siko upande huo tena, na aliyenihamisha ni mwanangu.

Mwaka mmoja kabla, mtoto aliyekuwa akikaa naye dawati moja aliugua wiki moja tu akafariki. Siku tuliyopata habari, mwanangu hakulia. Jioni alikuja mezani akala, akaongeza, akala tena. Nikamwambia, mbele ya watu, "Unawezaje kula hivyo na mwenzako amekufa leo?" Akaweka kijiko chini. Tangu siku ile hakulitaja tena jina la yule mtoto, nami nikajiambia kwamba watoto husahau haraka.

Asubuhi baada ya ile sura ya 10 alinijia jikoni akiwa na kitabu. "Mama, soma sasa hivi." Nikasoma nimesimama. Katika sura ya 11 Jess anaamka akidhani ameota. Anashuka kula, mama yake anamwekea chapati nyembamba za asubuhi zilizomwagiwa asali ya mti, naye anazila zote, na zinamkolea ulimini. Dada yake, Brenda, anamtazama akila na kumwambia kwamba yeye, kama angefiwa hivyo, asingeweza kutia kitu mdomoni. Nilipofika hapo sauti ilinikauka. Sikuweza kuitafsiri sentensi ile mbele ya mwanangu. Aliniangalia, akasema, "Amesema nini? Amemwambia asile?"

Nikamwambia ndiyo. Nikamwambia pia kwamba hata mimi niliwahi kusema hivyo, na kwamba nilikosea. Hakujibu. Alivuta kiti akakaa, na kwake hiyo ilimaanisha niendelee.

Hapa ndipo ninapoona ukubwa wa Paterson. Jess wake anaomboleza vibaya, ovyo ovyo, jinsi tunavyoomboleza kweli. Kuna mahali anajikuta akiwaza kwamba sasa yeye ndiye mwenye mbio kuliko wote darasani. Kuna mahali anajihisi mtu muhimu, kwa kuwa hakuna mwingine wa rika lake aliyefiwa na rafiki. Kuna mahali anamkasirikia Leslie kwa kumfundisha mambo yote yale kisha kumwacha peke yake. Mdogo wake May Belle, anayempenda kuliko dada zake wote, anamuuliza kitu kuhusu maiti, naye anampiga usoni. Halafu anachukua rangi za maji ambazo Leslie alimpa Krismasi, anakimbia hadi kijitoni, anazitupa zote ndani. Baba yake anamfuata. Baba huyu tumemwona kitabu kizima amechoka, mkali, hana muda na mvulana anayependa kuchora. Sasa anamwinua mwanawe na kumpakata kama mtoto mdogo. Maneno anayosema ni machache na hayana busara yoyote ndani yake. Mwanangu aliniomba nirudie hapo mara mbili, na mara ya pili nilisikia anavuta pumzi kwa shida. Akalia. Mwaka mzima baadaye, jikoni, asubuhi, akiwa na sare ya shule.

Na sura ya 13 ina mwalimu Myers. Huyu watoto wamemcheka tangu mwanzo wa hadithi kwa ukali wake. Anamwita Jess nje ya darasa, Jess anajiandaa kwa adhabu, na mwalimu anaanza kuzungumza huku macho yamejaa machozi. Anamwambia kwamba mume wake alipofariki, watu walimwambia asilie, walijaribu kumsahaulisha, na yeye hakutaka kusahau. Ningekuwa na uwezo ningeuweka ukurasa huo mkononi mwa kila mtu anayekwenda kwenye msiba wenye watoto. Kawaida tunawaambia, jikaze, umeshakuwa mkubwa, yaliyopita si ndwele. Mwalimu huyu, ambaye hakuna aliyemtarajia, anamwambia mtoto wa miaka 10 kwamba kama kwake yeye ni vigumu, basi kwa Jess ni vigumu zaidi.

Paterson hakuyatoa haya hewani. Mwaka 1974 rafiki mkubwa wa mwanawe, msichana wa miaka 8, alipigwa na radi akafa. Mtoto wake alikuwa wa umri huohuo, na mama mtu alianza kuandika kwa sababu hakujua afanye nini na huzuni ya mwanawe. Nilipolijua hilo nikaelewa kwa nini hakuna kuagana kitabuni. Radi haiagi.

Kuna wasomaji wa aina nyingine ambao wanakikataa kwa dini. Marekani kimekuwa miongoni mwa vitabu vilivyolalamikiwa sana katika shule na maktaba, hasa miaka ya 1990, kwa ajili ya lugha ya wahusika na kwa hofu kwamba ule ufalme wa kubuni unawavuta watoto kwenye uchawi. Mwandishi mwenyewe ni mtoto wa wamisionari na aliolewa na mchungaji. Mimi nina imani yangu na nimekisoma na watoto wangu bila wasiwasi, ila nakiri kuna mahali patamtoa jasho mzazi. Siku ya Pasaka Leslie anakwenda kanisani na familia ya Jess kwa mara ya kwanza, na njiani kurudi anasema haoni kwamba Mungu huzunguka akiwatupa watu motoni. May Belle mdogo anang'ang'ana: je, ukifa itakuwaje? Binti wa kaka yangu alilikumbuka swali lile baada ya kifo, akanishika mkono. "Shangazi, Leslie amekwenda wapi?" Kitabuni baba yake Jess anamjibu mwanawe moja kwa moja, kwamba Mungu hawezi kuwapeleka wasichana wadogo motoni. Nilimpa jibu hilohilo, na lilimtosha kuliko nilivyotegemea.

Mapungufu yapo. Dada wakubwa wa Jess ni vivuli tu, kazi yao kuomba pesa na kubeza, na mama yake karibu kila tukimwona anagomba. Ile safari ya Washington pia inasumbua msomaji wa leo: mwalimu anampigia mtoto simu asubuhi, mtoto anaomba ruhusa kwa mama aliye nusu usingizini, na hapo wanaondoka wawili peke yao. Mwanangu hakuliona hilo, mimi niliguna. Na mwisho, Jess anapojenga daraja la mbao na kumvusha May Belle aingie Terabithia kama malkia mpya, naona umekuja mapema mno. Nilitaka akae na huzuni yake kurasa kumi zaidi. Yule mdogo alinipinga kwa nguvu. Kwake sura hiyo ndiyo bora kupita zote, kwa sababu sasa kuna daraja na hakuna atakayeshika kamba tena.

Filamu ya mwaka 2007 tuliiangalia baadaye. Imetulia kuliko matangazo yake, ambayo yaliweka mbele majitu na viumbe vya ajabu hadi familia nyingi zikaenda zikitegemea vita vya kichawi, zikarudi zinalia. Mmoja wa walioandika mswada wake ni yule mtoto wa Paterson aliyefiwa. Lakini anzeni na kitabu.

Ningempa mtoto wa miaka 9 na kuendelea, mtu mzima akiwa karibu. Nisingempa aliyefiwa wiki hii, maana maneno ya Brenda yatamchoma kabla ya yale ya mwalimu Myers kumfikia. Na msifanye nilivyofanya. Someni kwa mwendo wenu hadi sura ya 9, kisha tafuteni asubuhi isiyo na haraka, siku isiyo ya shule, msome ya 10, 11 na 12 bila kuinuka. Mtoto asilazwe na ile habari ya Brenda peke yake.

Mwanzoni mwa kitabu kuna ukurasa wa kutabaruku. Paterson anaeleza kwamba alikiandika kwa ajili ya mwanawe, lakini mtoto alipokisoma akamwomba aweke pia jina la yule msichana, naye akaliweka. Tulipomaliza sura ya 13 nilimsomea mwanangu ukurasa huo. Akaniuliza kama kitabu ni chetu au cha kuazima. Nikamwambia ni chetu. Akaenda kuchukua penseli.

Kwa hiyo nakala hii siiazimishi. Anayetaka kukisoma atafute yake.