Kijitabu cha Malaika wa Mauti: maandishi mazuri, jalada la kusikitisha

Nilikinunua kwa shilingi 3,000 baada ya sala ya Ijumaa, kwenye meza moja ya vitabu vya dini hapa Ujiji, kikiwa katikati ya Juzuu Amma, tasbihi na chupa za marashi.

Sehemu iliyonifanya nisijutie fedha yangu ni ile inayofafanua hadithi ya al-Baraa bin Azib, iliyopokewa na Imamu Ahmad na Abu Daud. Mwandishi anaeleza kwa utulivu jinsi malaika wenye nyuso nyeupe wanavyomshukia muumini wakiwa na sanda na manukato ya peponi, wakaketi mbali naye upeo wa macho yake, kisha Malaika wa Mauti akaja kukaa kichwani pake, na roho ikatoka kama tone la maji linavyodondoka kutoka mdomo wa kiriba. Roho ya kafiri huvutwa kama chuma cha mishikaki kinavyochomolewa kwenye sufu iliyolowa. Nilimsomea mama mkubwa, ambaye macho yake yamepungua nuru, akaniomba nirudie pale pa kiriba mara mbili.

Kasoro ipo kwenye jina. Kijitabu kinaandika “Izraili” kana kwamba Qur’ani imelitaja, ilhali aya ya 11 ya Sura As-Sajda inasema Malakul-Maut tu, yaani Malaika wa Mauti, wala jina hilo halikuthibiti katika hadithi sahihi za Mtume. Sote tumekua tukisikia “Ziraili mtoa roho”, na sioni ubaya mtu akilitamka barazani, lakini anayefundisha alipaswa kuweka wazi. Ajabu ni kwamba alipofika kwa Munkar na Nakir, malaika wawili wanaomhoji maiti kaburini, amekumbuka kuonesha kuwa majina hayo yamo katika hadithi ya Tirmidhi.

Jalada ndilo baya zaidi, kwani limechorwa fuvu lililoshika mundu, wakati ukurasa wa pili tu unanukuu hadithi ya Bi Aisha, iliyomo katika Sahihi Muslim, kwamba malaika wameumbwa kwa nuru.

Nakala yangu ya kwanza ilikuwa na kurasa nne tupu. Muuzaji akanibadilishia siku ya pili bila maneno. Hii ya sasa nimeivika gazeti kabla ya kumpelekea mama mkubwa, kwa sababu wajukuu wanalala chumbani kwake.