Heino Eller: CD ya mwalimu wa Arvo Pärt, nunua au acha?

Wadau, karibuni tena! Leo nina CD ya Heino Eller, mtunzi wa Estonia, na kabla hamjajaza maoni: ndiyo, ndiye mwalimu wa Arvo Pärt. Pärt, yule mtunzi maarufu wa Estonia, wengi mnamjua, simwelezi zaidi. Ila muuzaji kaniudhi, kwenye tangazo kamtaja Pärt kwanza, mwenye CD baadaye! Mzee kafundisha Tartu tangu 1920, akahamia Tallinn 1940, mpaka kifo chake 1970. Mtunzi Eduard Tubin kapita mikononi mwake, mtunzi Lepo Sumera pia. Halafu awe wa pili kwenye CD yake mwenyewe? Hapana bwana.

Haya, Koit, yaani Alfajiri, muziki wake wa okestra, nairuka, najua wengi mnaipenda. Mimi naona inachelewa kuchanganya. Twende Kodumaine viis, wimbo wa nyumbani. Naweka...

Aisee! Narudisha, sikilizeni tena. Hakuna ngoma, hakuna tarumbeta, ni violini na jamaa zake wa nyuzi basi. Na bado unaimbika! Mimi sauti sina, lakini tangu jana nauimba jikoni. Huyu jamaa violini anaijua: aliisomea St. Petersburg, akafanya mazoezi kupita kiasi mpaka mkono ukaumia, ndipo akageukia utunzi. Kasoma na sheria humohumo, hiyo tuiache.

Sasa shikeni hili. Wimbo huu aliutunga kwa piano mwaka 1918, Estonia ilipotangaza uhuru. 1942 Wanazi wakamuua mkewe Anna, mpiga piano, kwa kuwa alikuwa Myahudi. 1953, nchi ikiwa chini ya Wasovyeti, mzee anauchukua ule wimbo wa nyumbani na kuupangia okestra ya nyuzi. Ngoja niweke mara ya mwisho, safari hii sisemi kitu...

Mmeona lakini?

Bei sasa. CD ni ya kawaida, usafirishaji ndio umenikamua, umezidi bei ya CD yenyewe. Nilitaka kusema msinunue. Sasa sijui, kwa wimbo huu mmoja naona pesa yangu imerudi. CD za Pärt zipo kila mahali na nyingine bei chee, lakini mnaanzaje na mwanafunzi? Wenye bando, usikilizeni mtandaoni kwanza. Jumamosi nipo mubashara na muziki wa Tubin. Mashabiki wa Koit njooni tubishane, na mbonyeze kengele.