Uzoefu wangu: usuluhishi wa mirathi chini ya mahakama, Kenya

Nyota 4 kwa usuluhishi wenyewe, 2 kwa yanayofuata baada ya watu kutia sahihi.

Huduma hii ilianza kwa majaribio Milimani, Nairobi, mwaka 2016. Kesi ikishapelekwa kwa msuluhishi, mazungumzo yanatakiwa kumalizika ndani ya siku 60. Nilikoitumia, msuluhishi alikuwa makini na kila mtu alisikizwa, hata wale wasio na wakili. Kinachokwamisha ni kugeuza makubaliano kuwa amri ya mahakama na kupata cheti cha uthibitisho wa granti (granti ni hati ya mahakama inayompa msimamizi mamlaka juu ya mali ya marehemu). Bila cheti hicho msimamizi haruhusiwi kuuza ardhi ya marehemu, na ofisi ya ardhi haitabadilisha jina.

Sehemu ya kwanza ya ucheleweshaji ni ya mahakama. Hati hupelekwa kwa naibu msajili, afisa wa mahakama anayeshughulikia faili, kisha faili hungoja tarehe ya kutajwa, yaani kuitwa kwa muda mfupi mbele ya jaji. Jaji akihamishwa, au faili ya usuluhishi isiunganishwe na faili kuu, tarehe inaruka. Hapa sioni udhuru: sheria inasema makubaliano yakisajiliwa yana nguvu ya hukumu na hayakatiwi rufaa, sasa kwa nini familia iliyopatana ingoje foleni moja na wanaogombana?

Sehemu ya pili iko mikononi mwetu, na ndiyo inayoumiza zaidi. Makubaliano mengi huandikwa kama kumbukumbu za kikao: "shamba ligawanywe sawa kwa ndugu wawili, ekari moja moja." Jaji hawezi kutoa cheti kwa maneno hayo. Chukua hati miliki yenye hekta 0.81, yaani ekari 2. Mpimaji akitoa njia ya mita 6 kwa 90, hekta 0.054 zimeondoka, kila mmoja anabaki na 0.378 badala ya 0.405. Ugomvi unafufuka na mnarudi mahakamani kurekebisha cheti. Fanyeni sachi (ukaguzi wa rekodi za ofisi ya ardhi) ya kila kipande kabla ya kikao cha mwisho, andikeni nambari kamili ya ardhi, ukubwa kwa hekta kama ulivyo kwenye hati, njia itapita wapi, na nani atamlipa mpimaji. Akaunti za benki na hisa nazo zitajwe kwa nambari na kwa asilimia.

Halafu kuna sahihi. Fomu 37, ile ya kukubali mgawanyo, inatakiwa isainiwe na warithi wote, hata dada aliyeolewa mbali ambaye hakufika kwenye usuluhishi. Jina moja likikosekana, jaji huagiza aitwe, na hiyo ni tarehe nyingine. Ikusanyeni siku ileile ya kusaini makubaliano, watu wakiwa bado pamoja na mioyo imetulia. Kukiwa na mrithi aliye chini ya miaka 18, hakikisheni wasimamizi ni wawili au zaidi, maana fungu la mtoto hushikiliwa kwa amana na sheria haikubali msimamizi mmoja peke yake.

Jambo ambalo wengi huambiwa wakiwa wamechelewa: usuluhishi haufuti miezi 6 ya kusubiri tangu granti itolewe. Ila warithi wote wakiwa watu wazima na wamekubali, kifungu cha 71 cha Sheria ya Mirathi kinaruhusu kuomba uthibitisho mapema. Mwambieni wakili awasilishe ombi hilo pamoja na makubaliano, msingoje kuulizwa.

Mkishawasilisha, ombeni nakala yenye muhuri wa kupokelewa, na mfuatilie kwa barua kwa naibu msajili mkitaja nambari zote mbili, ya kesi na ya usuluhishi. Kimya kikizidi, Mahakama ina ofisi ya kupokea malalamishi, na kuitumia hakuharibu kesi yenu.

Ningeichagua tena kuliko kusikilizwa kwa kesi nzima, mradi rasimu ya makubaliano ipitiwe na mtu anayejua cheti cha uthibitisho hufanana vipi.