Jembe uma kwa shamba lenye sangari: lipi linafaa, na linaharibikia wapi

Kwa shamba dogo lililovamiwa na sangari, jembe uma, yaani jembe lenye meno kama uma, ndilo la kununua kabla ya dawa yoyote ya kuua magugu. Ila si kila linalouzwa linafaa, na hata lililo bora huharibu kazi likitumiwa kama jembe la kawaida.

Sangari (Digitaria abyssinica, ambayo vitabu vya zamani huiita Digitaria scalarum) ni nyasi ya kudumu inayoota kwa wingi katika nyanda za juu za Afrika Mashariki, kuanzia Ethiopia, kupitia Kenya na Uganda, hadi Tanzania. Hupenda jua na udongo wenye rutuba. Iko kwenye kahawa, chai, pareto na mahindi, kandokando ya njia na kwenye kingo za matuta. Ng'ombe huila vizuri, na pale kwenye kingo hushika udongo usimomonyoke, kwa hiyo huko iacheni, mradi tu isivuke kuingia shambani.

Balaa lake liko chini. Mashina membamba, meupe, hutambaa udongoni na kusukana. Mengi yamo ndani ya sentimeta 30 za juu, mengine hushuka zaidi. Kila kifundo kinaweza kuchipua. Jembe bapa likipita hapo huyakatakata, na kila kipande chenye kifundo hugeuka mche. Ndiyo maana shamba linalolimwa kwa bidii kwa jembe bapa huzidi kujaa sangari mwaka hadi mwaka.

Jembe uma linapimwa kwa jambo hilo moja: linainua bila kukata? Tazama meno kwanza. Yawe membamba, ya duara au ya pembe nne, marefu angalau sentimeta 20. Meno mapana yaliyobapwa kama kisu hukata mashina sawa na jembe bapa, na hayo yasinunuliwe hata yakiwa ya bei nafuu. Usiyanoe pia, ncha butu kidogo ndiyo tunayoitaka. Meno matatu huingia kwa urahisi kwenye mfinyanzi mzito, manne hukusanya vizuri zaidi kwenye udongo mwepesi.

Kisha shingo. Kazi yenyewe ni ya kubetua, kwa hiyo uzito wote huangukia pale meno yanapoungana. Lililofuliwa kwa kipande kimoja cha chuma hudumu. Lililochomelewa huachia hapo hapo, hasa kama uchomeleaji una matundu au umefanywa upande mmoja tu. Weka ncha sakafuni dukani na uegemee: jino likipinda na kubaki limepinda, rudisha. Mpini uwe wa mti mgumu, wenye nyuzi zilizonyooka, na ukazwe kwa kabari. Kuuloweka majini huukaza kwa muda tu; ukikauka unalegea tena.

Matumizi. Subiri kiangazi kianze, udongo ukiwa bado na unyevu wa kuvunjika mkononi. Ukiwa tope, mashina hunata kwenye udongo na hayatoki. Ukikauka kabisa, hukatika. Piga meno wima, betua taratibu, tikisa bonge, kisha vuta mashina kwa mkono. Songa mbele kama sentimeta 15 kila pigo. Anayeharakisha na kuchukua 30 huacha nusu ya mashina ardhini, na hapo ndipo wengi hulilaumu jembe bure. Yaliyotolewa yaanikwe juani mpaka yawe makavu ya kuvunjika. Yasitupwe ukingoni wala kwenye mboji yakiwa mabichi, kwani huota upya.

Mara moja haitoshi hata kidogo. Machipukizi yakionyesha majani matatu au manne, rudi uyafukue kabla hayajaanza kulisha mashina ya chini.

Chini ya miti ya kahawa jembe hili lina mpaka. Mizizi inayolisha mti iko juu juu, na meno yakizama huko huiumiza. Fanyia kazi katikati ya mistari. Chini ya matawi ng'oa kwa mkono. Matandazo peke yake hayaiui sangari: hutambaa ndani yake na kutokea juu.

Kwa eneo kubwa, nguvu za mikono hazitoshi, na hapo glaifoseti, dawa ya kuua magugu, ina nafasi yake. Lakini usilime kabla ya kupulizia, maana dawa huingia kwa majani mabichi yanayokua na kushukia mashinani. Maji ya matope huidhoofisha, kwa sababu dawa hujishika kwenye chembe za udongo. Majani ya kahawa yasiguswe kabisa.

Baada ya kazi, safisha jembe ili kulinda shamba la jirani na lako pia: kwangua udongo wote kwenye meno na shingoni kabla ya kuliazima au kulihamisha. Kipande kifupi cha sangari kilichonasa hapo kinatosha kuanzisha zulia jipya mahali palipokuwa safi.